Kuhuisha Pasipoti Arusha na Moshi: Muda Unaliwa Wapi?

Jibu fupi litangulie. Mtu anayebadilisha pasipoti inayokaribia kuisha, na karatasi zake zote zinasema kitu kimoja, ahesabu wiki. Mwenye karatasi zinazogongana ahesabu miezi, na sehemu kubwa ya miezi hiyo itapita kabla faili lake halijafika mezani kwa afisa wa Uhamiaji. Ndiyo maana majirani wawili wa Pasua wanaweza kuanza shughuli hii wiki moja, mmoja akawa ameshapanda ndege pale KIA, uwanja wa ndege wa Kilimanjaro, huku mwenzake bado anatafuta cheti cha kuzaliwa cha baba yake huko Mwika.

Swali la "siku ngapi" linaulizwa sana huku kwetu, na si ajabu, kwa kuwa Arusha na Moshi ni miji ya watu wanaosafiri. Kuna waongoza watalii wanaokwenda kutafuta wateja kwenye maonyesho ya utalii Ulaya, wafanyabiashara wanaofuata mzigo Guangzhou, Dubai na Istanbul, vijana waliopata vyuo India, mahujaji, na bibi wa Marangu aliyeitwa na binti yake Marekani akamlelee mjukuu. Kila mmoja wao huambiwa siku za mtu mwingine: "Yangu mimi ilitoka chapchapu." Ilitoka, sikatai. Lakini siku za mwenzako hazikufai kitu mpaka ujue karatasi zake zilikuwaje, aliomba msimu gani, na alianza kuhesabu kutoka wapi. Wengi huhesabu tangu siku waliyochukuliwa alama za vidole hadi siku waliyokabidhiwa kitabu. Hicho ni kipande kimoja tu cha muda wote, na mara nyingi si kile kirefu.

Pasipoti haiongezewi muda

Anayekwenda kuhuisha pasipoti asitarajie muhuri wa kusogeza tarehe mbele. Anatengenezewa kitabu kingine, chenye namba nyingine na chipu nyingine, na kile cha zamani kinafutwa. Kwa hiyo karibu hatua zote alizopita mwombaji wa mara ya kwanza na yeye atazipita: fomu, malipo, ukaguzi wa nyaraka, picha, alama za vidole, saini, idhini, uchapaji. Nafuu yake ni kwamba nchi imeshawahi kujiridhisha kuwa ni raia na kumbukumbu zake zipo. Nafuu hiyo ni kubwa, ila inadumu pale tu ambapo anachokisema leo kinafanana na alichokisema zamani.

Pasipoti tunayoitumia sasa ni ya kielektroniki, ya Jumuiya ya Afrika Mashariki. Wakuu wa nchi za jumuiya waliizindua hapa hapa Arusha Machi 2016, na kwa Tanzania Rais John Magufuli alizindua utoaji wake Dar es Salaam tarehe 31 Januari 2018. Ile ya kawaida inadumu miaka 10. Ada iliyowekwa tangu uzinduzi huo ni shilingi 150,000: 20,000 za fomu mwanzoni, kisha 130,000 zinazobaki. Ndani ya kitabu kuna chipu yenye taarifa na picha ya mwenye pasipoti, zikiwa zimefungwa kwa saini ya kidijitali ya nchi iliyoitoa. Mtu akichezea hata herufi moja ya jina, mashine ya mpakani yenye uwezo wa kukagua saini hiyo inagundua.

Kazi ya namna hiyo haifanywi katika kila mkoa. Ofisi ya Arusha na ile ya Moshi zinapokea maombi, zinakagua nyaraka, zinamhoji mwombaji, zinachukua picha na vidole. Kitabu chenyewe kinatengenezwa kwingine kisha kinasafirishwa kurudi mkoani. Kwa hiyo unaposikia mtu analalamika kwamba afisa wa Moshi "ameikalia" pasipoti yake, uwezekano mkubwa anazungumzia kitabu ambacho bado hakijafika Moshi.

Maombi huanzia mtandaoni, kwenye tovuti ya Idara ya Uhamiaji. Unajaza fomu, unapandisha picha na nyaraka, unapata namba ya kumbukumbu ya malipo, unalipa benki au kwa simu, unachapa fomu na kuipeleka ofisini pamoja na nyaraka halisi. Asiye na kompyuta huenda steshenari, na steshenari za kufanya kazi hii hazikosekani Arusha wala Moshi. Vijana wa pale wanasaidia sana watu, lakini wanachapa haraka, na hapo ndipo makosa mengi yanapozaliwa. Nimemsikia mama mmoja, aliyeteremka kutoka Rombo, akimuuliza kijana wa steshenari, "Sasa mwanangu, hii itatoka lini?" Kijana akamjibu vizuri sana: "Mama, kwanza tusome hili jina lako pamoja." Akamsogezea kiti. Wangekuwa wote hivyo, watu wangeokoa wiki nyingi.

Kaa pembeni yake, soma kila herufi kabla hajabonyeza kutuma. Halafu hakikisha barua pepe na namba ya simu zinazoandikwa ni zako, si za duka. Ukiandikiwa za duka, siku ukitaka kufuatilia maombi yako utalazimika kumtafuta kijana ambaye pengine ameshahamia Babati.

Karatasi zinazogongana

Sasa tufike kwenye kiini. Ukitaka kujua pasipoti yako itachukua muda gani, toa nyaraka zako zote kabatini leo, zitandaze kitandani, usome majina na tarehe: kitambulisho cha taifa, cheti cha kuzaliwa, pasipoti ya zamani, cheti cha ndoa kama kipo, vyeti vya shule, vyeti vya kuzaliwa vya wazazi. Kama vyote vinakubaliana, kazi kubwa imekwisha kabla hujaianza. Visipokubaliana, muda wako utaamuliwa na NIDA (wa vitambulisho vya taifa), RITA (wa vyeti vya kuzaliwa), wakili na ofisi ya mkuu wa wilaya kabla ya Uhamiaji kuwa na la kusema.

Huku Kilimanjaro mtu hupata majina kwa milango mingi. Kuna la ubatizo, la Kichagga la nyumbani, la baba, la babu na la ukoo. Shule ya msingi walimwandika kwa jina la baba, kwenye kipaimara wakatumia la ukoo, cheti cha kuzaliwa kina majina mawili, NIDA wakaandika matatu. Kila karatasi ni ya kweli, na mtu ni yule yule, lakini kompyuta inaona watu wanne. Aikaruwa na Aikarua kwetu ni mama mmoja. Kwenye mfumo ni wawili. Umasaini hali inafanana: kijana ana "Ole" kwenye cheti cha kidato cha nne na hana kwenye kitambulisho, au jina la baba limeandikwa na karani aliyelisikia kwa sikio la kabila lingine. Halafu wapo wanawake waliochukua pasipoti kabla ya ndoa kwa jina la baba, wakajiandikisha NIDA baada ya ndoa kwa jina la mume. Hao hawajakosea chochote, ila wajue mapema kwamba cheti cha ndoa kitahitajika kuunganisha majina mawili, na kwamba jina litakaloandikwa kwenye kitabu kipya ndilo litakaloandikwa kwenye tiketi na viza.

Tarehe ya kuzaliwa ina ugumu wake peke yake. Namba ya kitambulisho cha taifa ina tarakimu 20, na tarakimu zake za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku ya kuzaliwa. Ikiwa tarehe iliandikwa vibaya wakati wa usajili, kosa halipo tu kwenye mstari wa tarehe. Limeingia ndani ya namba yenyewe, namba ambayo imeshasajili laini ya simu, akaunti ya benki na namba ya mlipa kodi. Kulirekebisha kunadai ushahidi na subira.

Na tukumbuke makosa haya yaliingia lini kwa wengi. Mwishoni mwa 2019 na mwanzoni mwa 2020 Watanzania walikuwa kwenye foleni mbili kwa wakati mmoja. Usajili wa laini za simu kwa alama za vidole ulifungwa tarehe 20 Januari 2020, na hauwezekani bila namba ya NIDA. Siku 11 baadaye, tarehe 31 Januari 2020, pasipoti za mfumo wa zamani zikakoma kutumika. Fomu zilijazwa juu ya magoti, chini ya miti, kwa kalamu ya kuazima, na makarani walikuwa wamechoka. Mtu aliyepata namba yake siku zile ana sababu nzuri ya kuikagua upya leo, herufi kwa herufi, badala ya kuamini kwamba kwa kuwa laini inafanya kazi basi kila kitu kiko sawa.

Tatizo lina dawa zake, na hakuna hata moja inayopatikana kwa siku moja. Tofauti ndogo ya majina huelezwa kwa kiapo mbele ya wakili au hakimu. Kubadili jina kabisa kunahitaji hati ya kubadili jina iliyosajiliwa. Aliyezaliwa bila kuandikishwa huomba cheti cha kuzaliwa kupitia RITA. Wilayani kazi hiyo hufanyika kwenye ofisi ya mkuu wa wilaya, na siku hizi maombi yanapitia mtandaoni. Kwa wazee waliozaliwa vijijini miaka ya 1940 au 1950, cheti cha ubatizo ni hazina. Parokia na sharika za zamani za mlimani, kuanzia Kilema hadi Machame, zimetunza vitabu vya ubatizo kwa miongo mingi, na mara nyingi ndimo ushahidi wa kwanza wa maandishi wa kuzaliwa kwa mzee unapopatikana. Msaidie mzazi kupata cheti chake akiwa bado na nguvu za kwenda kuuliza na kumbukumbu za kujibu. Kikishapatikana kitawafaa watoto wote, si wewe tu.

Jambo moja zaidi linawahusu sana watu wa mikoa hii miwili: mpaka. Kuna familia ambazo bibi alizaliwa Taveta na babu Rombo, au mjomba yuko Loitokitok na mama yuko Longido. Kijijini hilo halina neno, lakini pasipoti ni tamko la nchi kwamba wewe ni raia wake, na sheria yetu hairuhusu mtu mzima kuwa raia wa Tanzania na wa nchi nyingine kwa pamoja. Afisa akikuuliza baba yako alizaliwa wapi, ulisoma wapi, mwenyekiti wa kijiji chenu ni nani, anatimiza kazi yake. Ajibiwe kwa utulivu na kwa karatasi. Mwenye mzazi aliyezaliwa ng'ambo ya mpaka aanze mapema kuliko wote, kwa sababu uchunguzi wa uraia hauna tarehe ya kumaliza iliyopangwa, na hakuna mtu wa kuuharakisha ila mwenye ushahidi kamili.

Kitabu huisha kabla ya tarehe yake

Pasipoti ya miaka 10 haikusafirishi miaka 10. India, China na Umoja wa Falme za Kiarabu, ambako wafanyabiashara, wagonjwa na wanafunzi wetu wengi wanakwenda, hutaka pasipoti iwe na angalau miezi 6 mbele yake. Nchi za Schengen, zile za Ulaya zinazotumia viza moja, hutaka ibaki na miezi 3 baada ya siku unayopanga kuondoka kwao, na iwe imetolewa ndani ya miaka 10 iliyopita. Afrika Kusini, ambako Mtanzania anaingia bila viza, hutaka siku 30 baada ya kuondoka. Wanaokagua sharti hilo kwanza ni wafanyakazi wa shirika la ndege, pale pale KIA kwenye kaunta ya mizigo, kwa sababu shirika likimbeba abiria asiyekubalika ndilo linalobeba gharama ya kumrudisha. Ndiyo maana mtu anaweza kuzuiwa pale KIA na kitabu ambacho, kwa macho yake, kina miezi 4 kamili ya uhai.

Kurasa nazo huisha. Anayevuka Namanga au Holili mara kwa mara kufuata bidhaa Nairobi hugongewa mhuri wa kutoka na wa kuingia pande zote mbili, na kitabu kinajaa tarehe ikiwa bado mbali. Hakiongezewi kurasa. Mfanyabiashara wa namna hiyo ahesabu kurasa zilizobaki kama anavyohesabu mtaji, aombe kitabu kipya zikiwa zimebaki chache, maana viza moja ya kubandika inakula ukurasa mzima.

Wimbi linalokuja

Hili ndilo jambo ambalo silisikii likisemwa, na naona linatuhusu mno. Pasipoti za kwanza za kielektroniki zilitolewa kuanzia 2018. Zinadumu miaka 10. Basi zitaanza kuisha Januari 2028, na kwa sharti la miezi 6 zitaanza kukataliwa na baadhi ya nchi kuanzia katikati ya 2027. Baada ya hapo linafuata wimbi kubwa zaidi, la waliokimbilia ofisini kabla ya ile tarehe 31 Januari 2020. Hao vitabu vyao vinaisha mwishoni mwa 2029 na mwanzoni mwa 2030, kwa hiyo watahitaji vipya kuanzia katikati ya 2029.

Wengine wameshapita njia hii. Marekani mwaka 2007 ilianza kuwadai raia wake pasipoti hata kwa kuruka kwenda Canada, Mexico na visiwa vya Karibi. Mwaka huo zilitolewa pasipoti zaidi ya milioni 18, na muda wa kusubiri uliozoeleka kuwa wiki 6 ukapanda kupita wiki 10. Miaka 10 baadaye vitabu vile vile vikarudi kuhuishwa kwa pamoja, na serikali yao ikalazimika kuwatangazia watu waombe mapema. Uingereza, ambako kwa kawaida husubiriwa wiki 3 hivi, ilipofika 2022 iliwaambia raia wake wahesabu wiki 10, kwa sababu zaidi ya watu milioni 5 walikuwa wameahirisha maombi yao wakati wa korona. Marekani nayo katika majira ya joto ya 2023 ilifika wiki 10 hadi 13 kabla ya kurudi kwenye wiki 6 hadi 8 mwishoni mwa mwaka huo. Mashine zao ni nyingi na bajeti zao ni kubwa, na bado foleni iliwashinda. Kilichowaelemea ni watu kuja wote kwa pamoja.

Kwa hiyo mwenye pasipoti ya mwanzoni mwa 2018 asisubiri Desemba 2027. Aombe mwanzoni mwa 2027, wakati ofisi ina nafasi. Atapoteza mwaka mmoja hivi wa kitabu cha zamani, na nusu yake kwa safari nyingi ilikuwa haimfai kitu.

Hesabu ya kurudi nyuma

Chukua mwongoza watalii wa Sakina mwenye kampuni yake ndogo. Anataka kwenda Berlin kwenye maonyesho ya utalii ya ITB, ambayo hufanyika mwanzoni mwa Machi. Pasipoti yake inaisha Mei. Akiangalia kalenda juu juu, anaona yuko salama. Lakini akiondoka Ulaya katikati ya Machi, kitabu kinatakiwa kifike katikati ya Juni, na chake hakifiki. Anahitaji kipya.

Arudi nyuma sasa. Viza ya Schengen huamuliwa kwa kawaida ndani ya siku 15, lakini sheria yao inaruhusu zifike 45 faili likihitaji uchunguzi zaidi. Maombi hupokelewa kuanzia miezi 6 kabla ya safari, na mwombaji wa Arusha lazima asafiri hadi Dar es Salaam, kwa miadi, na miadi nayo hujaa. Mwenye busara anataka faili lake liwe limepokelewa kabla ya katikati ya Januari. Ina maana kitabu kipya kiwe mkononi kabla ya Krismasi, kwa sababu namba ya pasipoti inaandikwa kwenye fomu ya viza, kwenye bima na kwenye tiketi. Huwezi kuanza na ya zamani ukamalizia na mpya.

Na Desemba huku kwetu si mwezi wa kawaida. Wachagga wanarudi nyumbani kutoka Dar, Mwanza na ng'ambo, Moshi inafurika, na wengi wanatumia likizo hiyo hiyo kushughulikia karatasi. Sikukuu zinakula siku za kazi: tarehe 9, 25 na 26 Desemba, tarehe 1 Januari, kisha 12 Januari ya Mapinduzi. Mwongoza watalii wetu, ambaye Desemba nzima yuko porini na wageni, hana nafasi ya kurudi ofisini kurekebisha chochote. Awe amewasilisha maombi Oktoba. Kwa hiyo kukagua majina, kutafuta cheti, kuapa kwa wakili, hayo yote ni ya Agosti na Septemba, hata kama katikati ya msimu wa wageni itabidi aombe ruhusa ya siku mbili. Kutoka Agosti hadi Machi ni miezi 7, kwa jambo ambalo ofisi yenyewe italifanya kwa wiki.

Desemba ina faida moja, niiseme. Ndugu wote wako nyumbani, wazee wapo, mwenye cheti kimoja anakaa meza moja na mwenye kingine. Ni wakati mzuri wa kukusanya nyaraka za familia na kuzipiga picha, hata kama si wakati mzuri wa kuomba.

Wenye haraka

Ugonjwa na msiba havingoji miezi 7. Mwenye mgonjwa aliyepewa rufaa ya kutibiwa nje, au mwanafunzi ambaye chuo kimempa tarehe ya mwisho ya kuripoti, aende ofisini na barua yenyewe, iliyo na tarehe na muhuri, amweleze afisa mapema. Haraka yenye maandishi inasikilizwa kuliko haraka ya maneno. Kwa safari za nchi jirani kuna pia hati ya dharura ya safari, ambayo Uhamiaji huitoa kwa muda mfupi zaidi kuliko pasipoti. Mfanyabiashara wa Nairobi inamtosha, tena inamwokolea kurasa. Wa Dubai au Berlin haimsaidii. Kuvuka kwa kitambulisho cha taifa pekee, kama Wakenya, Waganda na Wanyarwanda wanavyofanya baina yao tangu 2014, kwetu bado. Tanzania haimo kwenye mpango huo.

Aliyepoteza pasipoti asijihesabu pamoja na wanaohuisha. Anahitaji taarifa ya polisi, atatakiwa kueleza kitabu kilipoteaje, na ofisi itajiridhisha kabla ya kutoa kingine, kwa sababu pasipoti iliyopotea inaweza kuwa mikononi mwa mtu anayeitumia vibaya. Kuandika kwamba kimepotea kumbe kimejaa kurasa, au kimelowa, ni kujiongezea muda bila sababu. Chukua hicho hicho kilicholowa, kipeleke.

Kuhusu vishoka nitasema wazi. Mtu anayekufuata nje ya geti na kukuahidi pasipoti kwa siku tatu hana mkono kwenye mashine ya kuchapa. Anachoweza kukuuzia ni maelekezo ambayo ungepewa bure dirishani, au karatasi ya kughushi. Hiyo ya pili ndiyo hatari. Sheria ya Pasipoti na Hati za Safari ya mwaka 2002 inafanya kutoa taarifa za uongo ili kupata pasipoti kuwa kosa la jinai, na anayeshtakiwa ni aliyetia saini fomu. Kishoka hatakuwepo.

Siku ya kukabidhiwa

Ukiitwa kuchukua kitabu, usiondoke dirishani kabla ya kukifungua. Soma jina, jinsia, tarehe na mahali pa kuzaliwa, linganisha na kitambulisho. Kosa likionekana pale pale, afisa aliyekukabidhi analishughulikia akiwa na faili lako karibu. Likionekana KIA usiku wa safari, hakuna wa kulishughulikia.

Kisha waarifu wote wenye namba yako ya zamani: shirika la ndege kama umeshakata tiketi, benki, mwajiri, chuo. Mwenye viza ya Marekani ambayo haijaisha atunze kitabu cha zamani, kwa sababu viza hiyo inaendelea kutumika ikibebwa pamoja na pasipoti mpya, ilimradi haijaharibiwa. Mwenye viza ya kidijitali ya Uingereza aingie kwenye akaunti yake ya uhamiaji ya huko abadilishe namba ya pasipoti kabla hajasafiri. Na kabla hujakifungia kitabu kipya kabatini, andika kwenye simu tarehe ya miezi 9 kabla ya ile iliyoandikwa ndani kama siku ya mwisho. Hiyo ndiyo siku yako ya kuanza tena.